Anayeuza mandhari amkumbuke mwenye mbuzi

Ndugu msomaji, ukurasa huu umezoea kukuletea habari za bei ya mahindi, mbolea ya ruzuku na riba za SACCOS. Leo tunaomba utuvumilie, tupande kayaki nchini Norway. Ndani ya chombo kile chembamba kuna hesabu inayomhusu mfugaji wa mbuzi na mama muuza vyungu kuliko inavyomhusu mwenye hoteli ya ghorofa kumi.

Kwanza tuelewane kuhusu fiyodi. Huu ni mkono wa bahari ulioingia nchi kavu katikati ya milima. Zamani za kale barafu nzito ilishuka kutoka milimani ikichimba mabonde marefu, na ilipoyeyuka bahari ikaingia na kuyajaza. Ndiyo maana maji ya pale ni ya chumvi, lakini yametulia kama ya ziwa, na milima inasimama wima kutoka majini kama kuta za nyumba. Fiyodi ndefu kuliko zote nchini humo ni Sognefjord, yenye urefu wa kilomita 205 hivi na kina kinachopita mita 1,300. Tawi lake moja linaitwa Nærøyfjord. Lina urefu wa kilomita 17 tu, na penye wembamba zaidi upana wake ni kama mita 250, yaani mtu akipaza sauti ng'ambo unamsikia. Mwaka 2005 UNESCO iliiingiza Nærøyfjord katika orodha ya Urithi wa Dunia pamoja na Geirangerfjord iliyo kaskazini zaidi.

Nilifika huko Juni 2019, nikiwa masomoni katika chuo kikuu cha kilimo kilichopo Ås, jirani na Oslo, ambako Watanzania wengi wa fani ya kilimo wamepita kwa miaka mingi kutokana na uhusiano wake na Sokoine. Nilipanda treni hadi Myrdal, kisha ile reli ndogo inayoteremka zaidi ya mita 860 katika kilomita 20 hadi kijiji cha Flåm kilichopo kando ya maji. Kutoka hapo ni basi na mahandaki hadi Gudvangen, mwisho wa Nærøyfjord.

Nikiri kwamba nilienda na kiburi. Mimi ni mtoto wa Kyela, nimekulia kwenye mitumbwi ya Ziwa Nyasa, nikajiona sihitaji kufundishwa na mtu. Kijana aliyekuwa kiongozi wa msafara alinisikiliza kwa adabu, akatabasamu, kisha akanipanga na wanaoanza. Alifanya vyema. Kwenye mtumbwi unakaa juu na kupiga kafi upande mmoja. Kwenye kayaki unakaa chini kabisa, miguu imenyooshwa ndani ya chombo, magoti yamebana kuta zake, na kafi lina bapa huku na huku. Ukikaza mabega na kushangaa milima, chombo kinayumba. Ukilegeza kiuno, kinatulia chenyewe.

Tulikuwa watu wanane, na karibu wote hatukuwahi kushika kafi la namna ile. Nusu saa ya kwanza hatukugusa maji. Kila mmoja alipewa suti isiyopitisha maji, iliyobana shingoni na mikononi, kwa sababu maji ya fiyodi ni ya baridi hata jua likiwaka, na aliyezama humo huishiwa nguvu upesi. Juu ya suti tukavaa jaketi la kuokolea. Hapo hakuna mjadala. Tangu mwaka 2015 sheria ya Norway inamtaka kila aliye kwenye chombo cha starehe chenye urefu chini ya mita 8 avae jaketi chombo kikiwa safarini. Kisha tukafundishwa namna ya kuvuta turubai linalofunika kiuno ili utoke chombo kikipinduka. Tulirudia zoezi hilo nchi kavu mpaka yule mama mstaafu niliyepangwa naye akaanza kucheka.

Wanaoanza hupewa kayaki za watu wawili wawili, kwa kuwa ni pana zaidi na hazipinduki kirahisi. Anayekaa nyuma huongoza usukani kwa miguu, anayekaa mbele hupiga mwendo. Msafara huondoka asubuhi, na sababu yake ni ya kibiashara kama ilivyo ya usalama. Siku za jua nchi kavu hupata joto, na mchana upepo huanza kuvuma kutoka baharini kuingia ndani ya fiyodi. Asubuhi maji yanakuwa kama kioo, na mteja anayeogopa anarudi akiwa ameridhika. Aliyesukumwa na mawimbi saa nane mchana atawasimulia wenzake wasije.

Hatukwenda mbali. Tulipiga makafi taratibu kwa kufuata ukingo, kiongozi akiwa kando yetu na kamba ya kuvutia kiunoni. Kuta zilipanda pande zote mbili, mahali pengine hadi mita 1,400, na maporomoko yakishuka kama nyuzi nyeupe. Ukimya ulikuwa mkubwa kiasi kwamba tulisikia kengele za mbuzi juu yetu kabla ya kuwaona mbuzi wenyewe. Mchana tulitia nanga ufukweni, tukala mkate na jibini la mbuzi la rangi ya kahawia, tukarudi.

Sasa tuingie kwenye hesabu. Mteja alinunua nini pale? Milima hailipiwi, wala maji. Na Norway ina sheria ya mwaka 1957 inayompa kila mtu haki ya kupita kwenye ardhi isiyolimwa, kutia chombo ufukweni na kupiga hema kwa usiku mmoja au miwili, ili mradi awe mita 150 au zaidi kutoka nyumba inayokaliwa. Mkulima mwenye ukingo ule hawezi kuweka geti na kudai kiingilio. Kinachouzwa basi ni kuondolewa hofu. Mtu asiyejua kitu anaambiwa njoo ulivyo, tutakuvisha, tutakufundisha, tutakurudisha. Mwenye ujuzi huja na kayaki yake juu ya gari na hamlipi mtu. Anayelipa ni anayeanza, na wanaoanza ni wengi kuliko mabingwa. Kuna wafanyabiashara wengi wadogo wanaoutazama utalii kama mali ya wenye mtaji mkubwa. Pale mtaji ni kayaki kumi na kitu, suti, gari moja la kuvuta tela, na vijana wenye mafunzo. Mafunzo yenyewe yana ngazi. Chama cha wapiga kafi cha Norway kina kozi ya msingi ya masaa 16 kabla mtu hajaitwa mwenye ujuzi wa kawaida, na kuongoza wengine ni hatua za juu ya hapo.

Lakini kuna mtu ambaye hayumo kwenye risiti.

Milima ile ingeachwa yenyewe, miteremko mingi ya chini ingefunikwa na vichaka na miti katika miaka michache. Majani mafupi ya kijani, njia za mawe, vibanda vya mbao na mashamba madogo yaliyoning'inia juu ya maji, yote yanayopigwa picha, yapo kwa sababu mbuzi na kondoo wanakula pale na watu wanakata majani ya kulishia wakati wa baridi. UNESCO yenyewe ilipoiandika Nærøyfjord haikutazama mawe tu. Mabaki ya mashamba ya zamani na ya wafugaji wa milimani ni sehemu ya sifa zake. Katika nchi ambayo ardhi inayolimwa ni kama asilimia 3 tu ya eneo lote, wakulima hawa hawawezi kushindana kwa bei na mashamba makubwa ya Ulaya. Serikali yao inawalipa ruzuku kwa eneo na kwa idadi ya mifugo. Hata hivyo, vijana wanaondoka. Dyrdal, moja ya vitongoji vya Nærøyfjord, hakina barabara hadi leo. Kule Geirangerfjord, shamba la Skageflå lililo kiasi cha mita 250 juu ya maji lilihamwa mwaka 1916. Inasimuliwa kwamba wakazi wake walikuwa wakiivuta ngazi juu kila walipomwona mtoza ushuru anakuja. (Wasomaji wetu wa baadhi ya magulio watatamani ngazi hiyo.) Leo watu wa kayaki hufunga vyombo chini yake na kupanda kutazama nyumba zisizo na wenyewe.

Msimamo wetu ni kwamba anayeuza mandhari ana deni kwa anayeitunza. Kampuni ya kayaki ikichukua fedha yote na mfugaji akabaki na picha alizopigwa, baada ya miaka ishirini hakutakuwa na kengele za kusikia wala majani mafupi ya kuona, na bei ya safari itashuka. Hilo ni jambo la gharama, kama ilivyo gharama ya kafi. Kwa sasa njia inayofanya kazi ni ile ya meza ya chakula. Undredal, kijiji kilicho kwenye fiyodi ya jirani ya Aurland, kina wakazi wasiofika 100 na mbuzi wengi kuliko watu, na barabara kilipata mwaka 1988 tu. Jibini lake linauzwa kwa wageni palepale, kwa jina la kijiji. Lile la kahawia hutokana na kuchemsha kwa masaa mengi maji yanayobaki baada ya jibini jeupe kukamuliwa, mpaka sukari ya maziwa inaungua na kugeuka rangi. Inakumbukwa huko kwamba mwaka 1863 mwanamke wa shambani aitwaye Anne Hov, wa bonde la Gudbrandsdalen, aliongeza malai kwenye mchemsho huo na kupata bidhaa ya bei nzuri wakati nafaka ilikuwa haimlipi mkulima. Kipande nilichokula ufukweni kilitoka kwa mfugaji wa jirani, na kiongozi wetu alitutajia bei aliyomlipa. Hilo lilinifurahisha kuliko maporomoko.

Meli kubwa za kitalii ni habari nyingine. Zinashusha maelfu ya watu kwenye kijiji cha watu mia chache, wanapiga picha, wanarudi kula chakula walichokwisha kukilipia ndani ya meli. Moshi wake ulikuwa unatanda kati ya kuta za milima. Mwaka 2018 Bunge la Norway liliamua kwamba vyombo katika fiyodi za Urithi wa Dunia visitoe hewa chafu. Kwa meli za abiria zilizo chini ya tani 10,000 sharti hilo lilianza Januari 2026, na kubwa zaidi zimepewa hadi 2032. Tunaona huruma hiyo kwa wakubwa imezidi, maana ndio wachafuzi wakuu. Mwaka 2025 Bunge hilo likaruhusu halmashauri zilizoelemewa na wageni kutoza hadi asilimia 3 kwenye malazi, fedha zitumike kwa huduma zinazohusu utalii. Vyoo na njia vitajengwa, na vinahitajika. Tungependa kuona fungu la mwenye mbuzi likitajwa waziwazi.

Niliporudi nyumbani nilikwenda Matema. Milima ya Livingstone inashuka hadi kwenye Ziwa Nyasa kwa namna ambayo mtu aliyeiona Nærøyfjord hawezi kuacha kuikumbuka, ingawa maji yetu ni matamu na ya vuguvugu. Akina mama wa Ikombe bado wanafinyanga vyungu vya Kikisi na kuvileta kwa mitumbwi kwenye soko la Jumamosi. Wageni wachache hukodi mtumbwi kwenda kuwatazama. Nilimuuliza mama mmoja anapata nini mgeni akija.

"Anapiga picha, mwanangu. Akinunua kidogo, Mungu ambariki. Chungu ni kizito, anasema hakiingii kwenye begi."

Mwenye mtumbwi alilipwa nauli ya kwenda na kurudi. Hakukuwa na jaketi hata moja la kuokolea, na tulirudi mchana upepo wa kusini ukiwa umeshaanza. Vijana wanaobeba wageni pale wanajua ziwa kuliko mimi, lakini mgeni anayeanza halijui, na siku moja tu ya msiba itafunga biashara ya kijiji kizima. Majaketi sita ni fedha ambayo kikundi cha vijana kinaweza kukopa na kurejesha katika msimu. Kuondoka saa moja asubuhi hakugharimu kitu. Na nauli inaweza kutajwa kwa mafungu mawili tangu mwanzo, la mwenye chombo na la mfinyanzi, mgeni akaambiwa hivyo kabla hajapanda. Vyungu vidogo vya kuingia kwenye begi, yule mama aliniambia, anaweza kufinyanga kumi kwa siku, ila hajawahi kuombwa.