Daraja la Skagit halikuangushwa na uzee

Daraja kongwe likianguka, mtuhumiwa wa kwanza huwa umri wake. Ndivyo ilivyokuwa baada ya jioni ya Mei 23, 2013, kipande cha daraja la barabara kuu ya I-5 kilipotumbukia katika mto Skagit, jimboni Washington, Marekani. Lilikuwa na miaka 58, na hukumu ikatoka haraka: limechoka. Sisi tunasema hukumu hiyo iliwapendelea wahusika.

Daraja hilo, lililojengwa mwaka 1955 kati ya miji ya Mount Vernon na Burlington, ni la kenchi za chuma. Kenchi zilisimama pande mbili za barabara, zikafungwa pamoja kwa vyuma vilivyokingama juu ya magari. Ni ujenzi mwepesi unaovuka mto mpana kwa chuma kidogo, lakini hauna akiba: chuma kimoja muhimu kikikatika, mzigo wake hauna pa kuhamia, na kipande kizima hushuka.

Wakaguzi hawakuwa wameliweka katika orodha ya madaraja mabovu. Tatizo lake lilikuwa vipimo vya zama zake. Vyuma vya juu vilipinda kama upinde: katikati ya barabara kimo kilikuwa takriban mita 5.5, lakini pembeni mita 4.5 tu. Hapakuwa na kibao cha kumweleza dereva hivyo.

Jioni ile lori lenye mzigo wa kimo cha karibu mita 4.9 lilipita upande wa kulia. Mzigo ukagonga vyuma vya juu kimoja baada ya kingine. Lori lenyewe likavuka. Kipande cha daraja kikaanguka nyuma yake pamoja na magari mawili. Watu watatu waliokolewa mtoni, na hakuna aliyekufa. Lau lori hilo lingepita upande wa kushoto, mzigo usingegusa kitu.

Lori lilikuwa na kibali, tena lilitanguliwa na gari lenye mlingoti wa kupimia kimo. Lakini jimbo lilitoa kibali kwa mtandao na kumwachia msafirishaji kazi ya kuhakiki njia. Msafirishaji hakuihakiki ipasavyo. Dereva wa gari la kutangulia alikuwa akizungumza kwa simu, na lori lilimfuata karibu mno kuweza kusimama kwa wakati. Hayo yote yalibainishwa na bodi ya taifa ya usalama wa usafiri, NTSB.

Kibaya zaidi, vyuma hivyo vilikwisha kugongwa na malori hapo kabla, ikiwemo Oktoba 2012. Daraja lilikuwa limetoa taarifa. Waliopaswa kuisikia waliihesabu kuwa kazi ya fundi.

Daraja la muda lilifunguliwa Juni 19, na kipande cha kudumu kikawekwa Septemba mwaka huo huo. Kisha vyuma vya juu vya vipande vilivyosalia vikarekebishwa ili kuongeza kimo. Kumbe iliwezekana, na ingewezekana mapema.

Madaraja ya kenchi yapo katika nchi nyingi, na si lazima yabomolewe kwa sababu yamezeeka. Yanahitaji mambo matatu. Kimo cha kila upande wa barabara kipimwe na kuandikwa kwenye kibao kinachosomeka kabla dereva hajafika darajani. Anayetoa kibali cha mzigo mkubwa aihakiki njia mwenyewe, asisukume jukumu hilo kwa mwenye lori. Na kila daraja linapogongwa, mhandisi aulizwe kwanza kwa nini limegongwa, ndipo fundi aitwe.

Vibao na saa chache za kuhakiki njia ni gharama ndogo. I-5, barabara ya magari yapatayo 71,000 kwa siku, ilikatika kwa takriban wiki nne kwa kukosa mambo hayo.