Ungo wa Bibi Kizee

Amandina Lihamba aliigiza katika Arusi ya Mariamu mwaka 1985. Miaka kumi na sita baadaye akaonekana katika Maangamizi, filamu ya kwanza ya Tanzania kuwasilishwa kugombea Oscar. Baina ya hizo alifundisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam na kutunga tamthilia. Katika filamu zote mbili mganga na mizimu hawakuletwa kutisha watu. Kwao mgonjwa alitafuta uzima.

Ni wangapi waliofuata njia hiyo? Watengenezaji wengi wa filamu za video wakimpata mwigizaji wa kike aliyekula chumvi nyingi, humvika kaniki, wakampaka masizi, wakamkalisha juu ya ungo. Ati mchezo tu! Mchezo huo hufika hadi Shinyanga na Geita, katika vibanda vya video kandokando ya machimbo, na huko bibi mwenye macho mekundu hulala akiusikiliza mlango. Macho yameliwa na moshi wa kuni na samadi; jirani huyasoma uchawi, na mpiga ramli huthibitisha kwa ujira. Tangu miaka ya 1970 vikongwe wamekatwa mapanga humo.

Imani hiyo, kweli, ni kongwe kuliko kamera. Lakini aikutaye nyumba ikiungua akaongeza kuni, aitweje? Na wamwandikie mwigizaji mzee nafasi ya mjane anayenyang'anywa shamba na ndugu wa mumewe, kwani nyuma ya tuhuma nyingi za uchawi limejificha shamba hilo.