Sindano ya Baada ya Kujifungua Hutengenezwaje?

Juma hili twalijibu swali ambalo akina mama huliuliza kwa sauti ya chini: ile sindano ambayo mkunga humchoma mzazi mara tu mtoto anapozaliwa, imetokana na nini? Wapo wanaochelea kwamba imetolewa katika mnyama asiye halali, na hofu hiyo yaweza kumfanya mtu aikatae. Kwa kuwa kutokwa na damu nyingi baada ya uzazi ni miongoni mwa sababu kuu za vifo vya wazazi duniani, jibu lina uzito wa uhai.

Dawa hiyo, kwa kawaida, ni oksitosini. Mwili wa mama huitengeneza wenyewe. Huubana mfuko wa uzazi ili damu isimwagike, na huteremsha maziwa. Ni peptidi, yaani mkufu mfupi wa viungo viitwavyo asidi amino. Mkufu huu una viungo tisa tu.

Hofu hiyo haikuzuka bure. Hapo zamani homoni hii ilitolewa katika tezi iliyo chini ya ubongo wa wanyama, ng'ombe na nguruwe wakiwamo. Mwaka 1953 mwanakemia Vincent du Vigneaud, mjini New York, alifaulu kuiunda maabarani, na mwaka 1955 akatunukiwa Tuzo ya Nobel. Hata hivyo, kwa njia za wakati ule, kila kiungo kilipoongezwa ilibidi mkufu usafishwe upya, na kila safari sehemu yake ikapotea.

Mwaka 1963 Bruce Merrifield, katika mji huohuo, alitangaza njia nyepesi zaidi. Mtunga shanga hupiga kwanza fundo mwishoni mwa uzi ili shanga zisimwagike. Merrifield naye aliifunga ncha ya mkufu kwenye chembe ndogo mno za plastiki, usibanduke mpaka ukamilike.

Kwa oksitosini kazi huanzia mkiani. Glisini hufungwa kwenye chembe, hali ncha yake ya pili imezibwa kwa kizibo cha kemikali isije ikajiunga ovyo. Kizibo huondolewa, kisha huletwa leusini, nayo ikiwa na kizibo chake, kwa wingi kupita mahitaji ili pasibaki ncha tupu. Zikishaungana, chembe huoshwa. Kilichozidi huondoka na maji ya kemikali, na mkufu husalia umeshikamana na plastiki. Kisha huja prolini, na hivyo hivyo hadi kiungo cha tisa. Mwishowe asidi kali huubandua mkufu, na viungo viwili vya sisteini, cha kwanza na cha sita, huunganishwa vikafanya pete. Kwa njia hii Merrifield alitunukiwa Tuzo ya Nobel mwaka 1984, na hadi leo ni miongoni mwa njia zinazotumika kuunda oksitosini.

Uangalifu ndio nguzo ya kazi hii. Mkufu wa viungo tisa una miungano minane. Kila muungano ukifaulu mara 99 katika 100, mikufu kamili itakuwa kama 92 katika kila 100. Ukifaulu mara 90 tu, hushuka hadi 43. Ndiyo maana dawa husafishwa na kupimwa kabla ya kutiwa chupani.

Basi, akina mama, oksitosini ya hospitalini leo huundwa kwa kemia. Haichotwi tena katika tezi za nguruwe. Mwenye shaka kuhusu vitu vingine vilivyomo chupani na aombe kusomewa karatasi ya dawa, na la hukumu awaulize wanavyuoni, mapema, kabla uchungu haujamshika.

Lipo pia swali jingine la kumuuliza mkunga: dawa hii imehifadhiwa wapi? Oksitosini hutakiwa kukaa katika jokofu, baina ya nyuzi 2 na 8 za Selsiasi, kwani joto, nalo si geni kwetu pwani, huidhoofisha. Mkufu uliotungwa kwa uangalifu wote huo waweza kuharibika juu ya meza iliyo karibu na dirisha.

Mola awajaalie wazazi wetu wote salama.