Ruhusa ya Siku Moja
Na Bahati Mwenda

Jirani yangu hapa Dzaleka, kambi ya wakimbizi nchini Malawi, ni fundi cherehani, mtu wa Uvira, Kongo. Kwenye cheti cha binti yake, R ya jina imeandikwa L. Herufi moja tu, lakini mwalimu hawezi kumwandikisha mtihani mpaka cheti kilingane na karatasi za familia. Marekebisho yanafanyika mji mkuu, Lilongwe.

Kutoka kambini kunahitaji ruhusa. Akaomba, akasubiri, akapewa: tarehe ya kwenda ndiyo ya kurudi. Alifika mjini saa nne, foleni imezunguka jengo. Zamu yake ilifika saa tisa. Karani alifungua faili, akasoma kwa makini, akamwambia kwa upole kabisa: "Mwenye muhuri ametoka, mzee. Rudi kesho."

Kesho ruhusa imeshakufa! Akilala mjini, akikutana na polisi, ni mvunja sheria. Akirudi kambini, anaanza upya. Fundi akaniuliza: huyo mwenye muhuri hawezi kupewa ruhusa ya siku moja aje Dzaleka? Tulicheka mpaka machozi, lakini swali hilo lina akili kuliko mikutano mingi niliyohudhuria.

Ruhusa hizi zina chanzo chake: Malawi iliridhia Mkataba wa Wakimbizi wa 1951 mwaka 1987, ikajiwekea haki ya kumpangia mkimbizi pa kukaa. Dzaleka, iliyokuwa gereza enzi za Rais Kamuzu Banda, ikafunguliwa kwa wakimbizi mwaka 1994 kwa watu wapatao 10,000. Leo tumepita 50,000. Mei 2023 wenzetu waliokuwa wakiishi na kufanya biashara Lilongwe walikamatwa na kurudishwa huku, wengine wakiacha maduka na bidhaa zao. Baada ya hapo, nani athubutu kulala mjini na karatasi iliyokwisha muda?

Serikali ina haki ya kujua nani yuko wapi, na nchi hii imetupokea miaka mingi ikiwa na shida zake yenyewe. Ila ofisi inayosema "kesho" iandike hivyo nyuma ya ruhusa, igonge muhuri, na ruhusa iendelee mpaka hiyo kesho. Bora zaidi, karani mmoja aje huku na muhuri wake, hata mara moja kwa mwezi. Ni safari ya kilomita zisizofika 50. Meza ipo, na viti tutabeba wenyewe kutoka kanisani.