Erik Aaes Hakuwa Mpigilia Misumari

Imeandikwa kwamba sura ya filamu Ordet ya mwaka 1955 ni kazi ya mwongozaji wake, Carl Theodor Dreyer, peke yake, na kwamba Erik Aaes, mbunifu wa seti, alitekeleza tu alichoamriwa. Napinga kabisa.

Hoja hiyo huegemea kisa cha jiko. Dreyer alitaka jiko la shamba la Jutland lijazwe vitu vyote ambavyo mwenye nyumba angevihitaji, kisha akaviondoa kimoja kimoja hadi vikabaki vichache. Sawa. Lakini ukishaondoa vyombo, kinachobaki ni chumba chenyewe: kuta, milango, madirisha, umbali kutoka meza hadi kizingiti. Kamera ya Henning Bendtsen hutembea humo taratibu kwa muda mrefu bila kukatwa, ikiwafuata waigizaji. Chumba kilichobuniwa ovyo kingeumbuka mara moja. Nani alikibuni?

Tena Aaes hakuokotwa njiani. Miaka ya 1920 alikuwa Ufaransa akimbunia seti mwongozaji Jean Renoir, ikiwemo ile filamu ya 1928 ya msichana muuza viberiti, hadithi ya Mdenmark mwenzake Hans Christian Andersen. Mwaka 1943, nchi yao ikikaliwa na Wajerumani, alifanya kazi na Dreyer katika filamu Vredens Dag. Miaka 12 baadaye Dreyer alimwita tena kwa ajili ya Ordet. Mwongozaji mkali kiasi kile hamrudii mtu asiyemfaa.

Ordet ilipata tuzo ya Simba wa Dhahabu katika tamasha la filamu la Venice. Anayeisifu kwa sura yake na amtaje Aaes pia.