Barua Ikija, Ubishe Hodi Wapi?

Tuseme yupo ndugu mmoja, mtendaji wa kijiji kule Kolo, karibu na vilima vyenye michoro ya miambani. Jioni moja anarudi nyumbani na bahasha: ameachishwa kazi. Mkewe anaisoma barua mara mbili. Watoto wananyamaza bila kuambiwa. Siku ya tatu anafika shemeji, aliyepata kufanya kazi kiwandani. “Nenda Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, shemeji. Mimi haki yangu niliipata huko.”

Shemeji hasemi uongo, ila yeye alikuwa mwajiriwa wa kampuni ya mtu binafsi, na huyu ni mtumishi wa umma. Mwaka 2016 Sheria ya Utumishi wa Umma iliongezewa kifungu, wakati huo kikiitwa 32A, kinachomtaka mtumishi amalize kwanza njia zilizomo katika sheria hiyo kabla ya kushika zile za sheria za kazi. Mwaka 2022 Mahakama ya Rufani, katika shauri lililohusu Shirika la Posta, iliamua kwamba mgogoro wa namna hiyo hauko katika mamlaka ya Tume ya Usuluhishi.

Basi ndugu yetu akate rufaa Tume ya Utumishi wa Umma, ndani ya siku 45 tangu alipoipokea barua. Asiporidhika, huenda kwa Rais. (Mwalimu ana tume yake, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2015.) Atakayezimaliza siku hizo akibisha mlango wa shemeji, atakuwa amejiongezea shida juu ya shida.

Na Mahakama Kuu je? Iko, lakini watu huitazamia mambo isiyoyafanya. Ombi la kibali cha kufungua shauri la mapitio lina ukomo wa miezi sita tangu uamuzi utolewe, na Jaji hakai katika kiti cha mwajiri. Huuliza: mtu huyu alipewa mashtaka yake? Alisikilizwa? Aliyemwadhibu alikuwa na madaraka hayo? Kama sivyo, uamuzi hufutwa. Na aghalabu mwajiri anaweza kuanza upya na kumwachisha tena, safari hii kwa utaratibu. Nakiri kwamba hapo sheria inauma.

Wazee wa kazi watakumbuka mlango uliokuwa mwembamba zaidi. Chini ya Sheria ya Usalama wa Ajira ya mwaka 1964, shauri lilitoka Bodi ya Usuluhishi likaenda kwa Waziri, na neno lake lilikuwa la mwisho.

Wakati mwingine nafuu hutoka serikalini kwenyewe. Mwaka 2018 watumishi wa darasa la saba walioondolewa kazini, waliokuwa wameajiriwa kabla ya tarehe 20 Mei 2004, walirejeshwa kwa agizo la Serikali. Lakini nani awezaye kulisha watoto kwa kungojea agizo?

Mama aliyeisoma barua mara mbili na aisome mara ya tatu, akitafuta tarehe. Kisha aandike pembeni siku mumewe alipoipokea.