MZEE AENDE WAPI?



Katika mtaa mmoja wa mashariki ya Nairobi yuko mzee wa miaka 78, akaaye peke yake katika chumba kimoja. Alikuwa mtu wa genge la njia. Amebeba mataruma ya reli hata mgongo ukapinda, kisha akapewa barua ya kustaafu. Mkewe alikufa. Chumba hicho amekilipia kodi tangu mwaka 1984, na risiti zake zimejaa mkebe wa biskuti. Hadaiwi hata senti.

Sasa mwenye nyumba ataka kuvunja ajenge gorofa. Hakwenda barazani kuomba ruhusa. Kwanza alikataa kupokea kodi, ili baadaye aseme mzee ni mdaiwa. Kisha akafunga mfereji wa maji. Kisha choo kikatiwa kufuli, na mtu wa umri ule sharti avuke barabara usiku kwenda kuomba choo cha hoteli. Mwezi uliopita wakatafutwa vijana wa kung'oa mabati, mzee akiwa ndani! Wawili walioitwa kwanza ni wanachama wa chama hiki. Walikataa, ijapokuwa wiki hiyo hawakuwa na zamu wala pesa. Twawasifu.

Lakini tumesikia wengine kati yetu wakisema, wakinywa chai: "Mzee huyu angoja nini Nairobi? Si aende kwao akapumzike?" Maneno hayo yasikika kama huruma. Sisi twasema ni maneno ya zamani sana, tena twajua yalikotoka.

Serikali ya kikoloni ilisema Mwafrika mjini ni mgeni. Alipewa kipande shingoni, akapewa kitanda, akalipwa mshahara wa mtu asiye na mke wala mtoto, kwa kuwa kwao ni rizavu, na rizavu itamlisha akizeeka. Wafanyakazi wa Mombasa waligoma mwaka 1939, na shida ya nyumba ilikuwa moja ya sababu. Mwaka 1954 hata kamati ya Bwana Carpenter ilikubali kwamba mshahara wa mseja haufai, mtu alipwe apate kutunza jamaa yake. Maana yake ni kwamba afanyaye kazi mjini ni mtu wa mjini, si nyundo ya kurudishwa stoo kazi ikiisha. Leo mwenye nyumba, Mwafrika mwenzetu, asema yale yale ya mkoloni, nasi twamwitikia na kikombe mkononi!

Na hiyo "kwao" ni wapi? Shamba la baba yake liligawanywa na ndugu zake alipokuwa Mtito Andei na Voi akitengeneza njia. Watu anaowajua ni wa mtaa huu. Mama muuza mboga ndiye ambishiaye mlango kila asubuhi kuona kama ameamka. Mtoe hapo, umemwondolea hata huyo mmoja wa kumbishia mlango.

Mtasema nyumba ni mali ya mwenyewe. Ndiyo, wala hatumnyang'anyi. Lakini iko Sheria ya Kodi za Nyumba, Sura ya 296, inayolinda nyumba za kukaa ambazo kodi yake ya kawaida haizidi shilingi 2,500 kwa mwezi. Mzee alipa 2,000. Mwenye nyumba hana ruhusa kumtoa mpangaji bila amri ya baraza, wala kumsumbua makusudi ili atoke. Kufunga choo ni nini kama si kusumbua? Katiba ya 2010, kifungu cha 43, yataja haki ya makao, na kifungu cha 57 chasema wazee waishi kwa heshima bila kuteswa. Si maneno ya karatasi tu. Wapangaji wa Muthurwa, katika zile nyumba za reli za zamani, walikwenda Mahakama Kuu mwaka 2010 nyumba zilipoanza kuvunjwa, na mwaka 2013 Jaji Lenaola akaamua kwamba haki zao zilivunjwa. (Nanyi mnaokaa nyumba za tajiri kwa ajili ya kazi, jueni kwamba Sura ya 296 haiwahusu. Hilo tutaliandika siku nyingine, maana ni refu.)

Karani wa tawi amekwisha kumwandikia mzee mashtaka yake. Kodi yatumwa kwa simu kila tarehe moja, na ujumbe wahifadhiwa. Maji wapeleka vijana wa karakana kwa zamu. Jumapili bado hakuna mtu, twataka majina mawili. Atakayeitwa kung'oa mabati akatae, alete habari ofisini siku ile ile, na aseme aliahidiwa kiasi gani na nani.

Kesi itasikizwa Alhamisi saa tatu asubuhi. Mtakaotoka zamu ya usiku, njooni moja kwa moja na nguo zenu za kazi.